Jack Kirby, mchoraji wa nguvu

Fungua ukurasa wowote wa mapigano uliochorwa na Jack Kirby, mchoraji wa katuni za Marekani, katikati ya miaka ya 1960, uangalie mkono wa anayepiga. Ngumi inakujia moja kwa moja usoni, kubwa kuliko kichwa cha mwenye ngumi. Vidole ni vya mraba, kila kimoja kizito na chenye kona. Bega liko nyuma kabisa, dogo, na mguu wa kusukumia umebaki ukingoni mwa fremu, umetanuka kupita kiasi ambacho nyonga ya binadamu inaweza kuruhusu. Ukipima kwa rula, mwili huo haupo duniani. Ukiutazama bila rula, unajikuta umerudisha kichwa nyuma.

Hapo ndipo ulipo ubishi wa miaka mingi juu ya Kirby. Wapo wasomaji wanaomwona mchoraji asiyejua mwili wa mtu, aliyechora haraka mno na kuokolewa na hadithi nzuri. Mimi niko upande wa pili, na kadiri ninavyorudia kurasa zake ndivyo ninavyozidi kuamini kwamba alijua barabara alichokuwa akifanya. Misuli na mikunjo ya nguo havikumshughulisha sana. Alichokuwa akikichora ni nguvu: inaanzia wapi, inapita wapi, inamgonga nani, na ikishamgonga kitu gani kinavunjika. Mwili ulikuwa njia ya kuipitisha nguvu hiyo. Pale mwili halisi ulipoizuia, Kirby aliupinda mwili.

Alizaliwa tarehe 28 Agosti 1917 mjini New York, jina lake Jacob Kurtzberg, katika eneo la Lower East Side ambako familia za wahamiaji zilibanana kwenye vyumba vya kupanga. Wazazi wake walikuwa Wayahudi kutoka Austria, na baba yake alifanya kazi kiwandani, kwenye ushonaji wa nguo. Vijana wa mtaa mmoja walipigana na vijana wa mtaa wa pili, na Kirby alisimulia hadi uzeeni jinsi walivyopanda ngazi za dharura zilizoning'inia nje ya majengo na kufukuzana juu ya mapaa. Alikuwa mfupi. Mtoto mfupi anayepigana na wakubwa huziona ngumi zao zikishuka kutoka juu, na ukiziangalia fremu zake utashangaa ni mara ngapi jicho la msomaji limewekwa chini, karibu na ardhi, likitazama juu.

Hadithi nyingine aliyopenda kuisimulia ni ya siku ya mvua alipoona jarida la hadithi za kisayansi likielea kwenye mfereji wa barabarani, jalada lake lina roketi. Aliliokota na kulificha wenzake wasimcheke. Shule ya sanaa haikumweza. Aliingia Pratt Institute na kutoka, kwa maelezo yake mwenyewe, baada ya wiki moja tu, kwa sababu walimu walitaka watu wa kukaa na kazi moja muda mrefu, naye alitaka kuimaliza na kushika nyingine. Baadaye akaajiriwa studio ya Fleischer, waliokuwa wakitengeneza filamu za Popeye. Kazi yake ilikuwa kuchora picha za katikati, zile zinazojaza nafasi baina ya mkao mmoja na mwingine ili mhusika aonekane anatembea. Aliichukia, akisema ni kiwanda kama kile cha baba yake.

Aliichukia, lakini nadhani ilimwachia kitu. Mtu aliyeshinda miezi akichora vipande vya katikati vya mwendo anajua vizuri kipi cha kuacha. Kirby wa baadaye karibu hachori katikati ya pigo. Anachora mwanzo uliojikunja hadi mwisho, au mwisho uliokwisha kutokea, na aliyepigwa tayari yuko hewani. Katikati unaijaza wewe msomaji.

Mwishoni mwa miaka ya 1930 alikutana na Joe Simon, na wawili hao wakawa timu. Captain America Comics namba 1, yenye tarehe ya Machi 1941, ilionyesha shujaa aliyevaa bendera ya Marekani akimtandika Adolf Hitler ngumi ya taya. Marekani ilikuwa bado haijaingia vitani. Toleo hilo liliuzwa karibu nakala milioni moja. Barua za vitisho pia zilikuja, kutoka kwa watu waliowaunga mkono Wanazi huko huko New York. Waliolichora jalada lile walikuwa vijana wawili wa Kiyahudi, na hawakuwa wakitania.

Ndani ya kurasa hizo ndipo namna yake ya kuchora ilipoanza kuonekana. Katuni za wakati ule zilipangwa kwa utulivu: visanduku vya ukubwa mmoja, watu wamesimama ubavu kwa ubavu, wameonekana kuanzia kichwani hadi miguuni. Kwa Kirby mguu unatoka nje ya mstari wa fremu na kuingia fremu ya jirani. Mtu anarushwa kuelekea kwa msomaji. Kisha picha moja inatanda kurasa mbili, imejaa watu kumi au zaidi, kila mmoja ana kazi yake katika vurugu. Baada ya matoleo kumi Simon na Kirby waliondoka, wakiamini kwamba mchapishaji hakuwa anawapa mgawo wa faida waliokubaliana. Huo ndio ulikuwa mgogoro wake wa kwanza mkubwa wa aina hiyo, na haukuwa wa mwisho.

Halafu vita vyenyewe vikamchukua. Aliingizwa jeshini mwaka 1943, na mwezi Agosti 1944 akatua ufuo wa Omaha huko Normandy, miezi miwili na kitu baada ya uvamizi wa kwanza, akiwa askari wa miguu. Afisa mmoja aligundua kwamba ndiye yule mchoraji wa Captain America, akampa kazi aliyoiona inamfaa: kutangulia mbele ya wenzake, kupeleleza maeneo ya adui na kuyachora. Ilikuwa miongoni mwa kazi za hatari kuliko zote. Majira ya baridi yaliifikia miguu yake, ikaganda na kuvimba kiasi kwamba ilikuwa nusura ikatwe. Aliachiwa jeshi mwaka 1945 akarudi kwa mkewe Rosalind, ambaye kila mtu alimwita Roz.

Ninaisisitiza vita hiyo kwa sababu wengi hudhani mapigano ya Kirby ni mchezo wa watoto. Linganisha kazi za kabla na za baada. Kabla, anayepigwa anaanguka na kuona nyota. Baada, majengo yanaporomoka, vumbi linatanda, na nyuso za watu wa kawaida waliosimama pembeni zinaonyesha hofu ya kweli. Kirby hakusahau kamwe kuwachora hao wa pembeni.

Mwaka 1947 yeye na Simon walianzisha Young Romance, jarida la katuni za mapenzi kwa wasomaji wakubwa kidogo. Liliuzwa kwa wingi na kuzaa waigaji chungu nzima. Nimesoma baadhi ya hadithi hizo, na ni nzuri kuliko sifa zake: watu wawili jikoni wanagombana, na mgongo wa mwanamke aliyegeukia dirishani umebeba hasira ileile ambayo kwingine ingebebwa na ngumi. Miaka ya 1950 ikawa migumu. Bunge la Seneti lilichunguza katuni, wachapishaji wakajiwekea kanuni kali mwaka 1954, kampuni ndogo zikafa, pamoja na ile ambayo Simon na Kirby walikuwa wameianzisha wenyewe. Timu ikavunjika. Kufikia mwisho wa muongo Kirby alikuwa na zaidi ya miaka arobaini, ana watoto, na anachora majitu ya kutisha kwa kampuni ambayo muda si mrefu ingejiita Marvel.

Fantastic Four namba 1, jarida la kundi la mashujaa wanne, ilitoka ikiwa na tarehe ya Novemba 1961. Kutoka hapo hadi mwaka 1970 Kirby alichora matoleo 102 ya jarida hilo mfululizo. Wakati huohuo alichora Thor, akaanzisha Hulk, X-Men na Avengers pamoja na Stan Lee, mhariri na mwandishi wa kampuni hiyo, na kuwachorea wachoraji wapya mpangilio wa kurasa ili wajifunze namna ya kusimulia. John Romita, alipopewa Daredevil, alianza kwa kufuata mpangilio wa Kirby. Kulikuwa na miaka ambayo Kirby alitoa zaidi ya kurasa 1,000, akiwa amejifungia kwenye chumba kidogo chini ya nyumba yake Long Island, mara nyingi usiku kucha.

Ni lazima tueleze jinsi kazi hiyo ilivyofanyika, maana ugomvi wote wa baadaye umetokana nayo. Lee na Kirby walizungumza kuhusu hadithi, mara nyingine kwa kirefu, mara nyingine kwa maneno machache ya simu. Kirby akaenda kuchora toleo zima kwa penseli: nani anaingia, nani anaondoka, ugomvi unachukua fremu ngapi, kimya kinachukua ngapi. Kandoni mwa kurasa aliandika maelezo ya kinachotokea na wahusika wanachosema. Ndipo Lee akaandika maneno ya viputo, yaani mazungumzo ya wahusika. Lee alikuwa na sikio zuri la mazungumzo, na utani wa kina Ben Grimm na Johnny Storm, wawili wa Fantastic Four, unamdai heshima. Lakini anayeamua kwamba tukio liwepo, lichukue nafasi kiasi gani na lionekane kutoka wapi, huyo anaandika hadithi, hata kama hajaandika neno hata moja kwenye kiputo. Kirby alilipwa kwa kila ukurasa wa picha. Uandishi ule wa penseli haukuwa na malipo yake.

Mfano unaojulikana zaidi ni wa Silver Surfer. Fantastic Four namba 48, ya Machi 1966, inamleta Galactus, kiumbe anayekula sayari. Lee alipozipokea kurasa alikuta mtu wa rangi ya fedha anaruka angani juu ya ubao, mtu ambaye hawakuwa wamemzungumzia kabisa. Alipouliza, Kirby alimweleza kwamba kiumbe mkubwa namna ile lazima awe na mpiga mbiu wa kumtangulia. Ubao ulitokana na kuchoka kuchora vyombo vya angani. Ndivyo alivyozaliwa mmoja wa wahusika wanaopendwa kuliko wote wa kampuni hiyo.

Hadithi hiyohiyo ya Galactus ndiyo inayoonyesha kwa ukamilifu kitu ambacho mashabiki wamekiita Kirby Krackle. Ni madoa meusi ya mviringo, makubwa kwa madogo, yaliyosongamana na kupandiana kuzunguka kitu chenye nishati kali: mlipuko, mwanga wa mashine, ukingo wa anga. Wachoraji wengi wameyaiga, na wengi wamekosea kwa sababu wameyachora madoa. Kwa Kirby, nishati iko kwenye nafasi iliyobaki kati ya madoa. Wino ni giza, na kinachochemka ni ile rangi inayojipenyeza. Katuni za wakati ule zilichapwa kwenye karatasi ya bei ya chini kabisa, rangi chache zenye kupauka, zikivujiana. Kitu pekee ambacho mchoraji angeweza kukitegemea ni weusi wa wino. Kirby aliupata mwanga kwa kutumia weusi huo, kwenye karatasi ambayo isingeweza kutoa mwanga kwa njia nyingine yoyote. Ninapoufikiria uamuzi huo, ninaona akili ya mchoraji mkubwa ikifanya kazi ndani ya vikwazo vyake.

Kuna pia ile mistari yake ya mng'ao, mikato minene inayopindapinda juu ya chuma, juu ya misuli, juu ya mashavu, bila kujali kama kitu ni laini au kigumu. Ukiifuata kwa kidole haikuelezi taa iko wapi. Inakueleza kitu kina uzito gani, na kwamba kimebeba shinikizo ndani yake. Mashine zake ni vivyo hivyo. Hakuna fundi angeweza kuziunda, maana mabomba hayaendi popote na vitufe havina maana, lakini kila moja inaonekana imefanya kazi miaka elfu na bado ina moto. Na kuanzia mwaka 1964 alianza kukata picha za majarida na kuzibandika kuwa mandhari za ulimwengu mwingine. Kwenye uchapaji ule zilitoka kijivu na ukungu. Najua aliota kitu kikubwa zaidi ya walichoweza kuchapa, lakini hata ukungu ule una nguvu: wahusika waliochorwa kwa mistari minene wanaelea ndani ya kitu ambacho hakikuchorwa na mkono wa mtu.

Karatasi zenyewe zilikuwa kubwa, takriban inchi 12.5 kwa 18.5, kisha zikapunguzwa zilipochapwa. Mwishoni mwa mwaka 1967 tasnia ikahamia karatasi ndogo ya inchi 10 kwa 15. Kirby, ambaye mkono wake ulikuwa umezoea uwanja mpana, akaanza kuweka fremu nne tu kwa ukurasa, na sura kubwa zaidi. Wengine wanaona hapo alilegea. Mimi naona mkono uliohamishiwa chumba kidogo ukakataa kujikunja.

Julai 1966, katika Fantastic Four namba 52, akaja Black Panther. Mchoro wa awali wa mhusika huyo ulikuwa na jina lingine, Coal Tiger, na vazi la rangi zaidi. Aliyechapishwa ni mfalme T'Challa wa Wakanda, amefunikwa mweusi kuanzia utosini hadi unyayoni, shujaa wa kwanza Mweusi katika katuni kubwa za Marekani. Chama cha Black Panther kilianzishwa Oakland miezi michache baadaye, Oktoba mwaka huohuo, kwa hiyo jina la mhusika halikutoka huko.

Kinachonivutia katika toleo hilo ni msitu. Mashujaa wanne wanaalikwa Wakanda, na msomaji wa Marekani wa 1966, aliyelishwa Tarzan tangu utotoni, anategemea miti na mimea itambaayo. Kirby anampa msitu wa chuma. Matawi ni nyaya, maua ni vifaa vya umeme, na kila kitu kinavuma. Mwenyeji wao anawashinda mmoja baada ya mwingine, akiwa peke yake, kwenye uwanja alioujenga mwenyewe. Bado ni Afrika iliyobuniwa na mtu wa New York ambaye hakuwa ameishi barani, na kuna mambo humo, hasa mavazi ya baadhi ya watu, yanayokera macho ya leo. Hata hivyo msitu ule ulikuwa uamuzi. Mtu mweusi wa Afrika alipewa kile ambacho Kirby alikithamini kuliko vyote, yaani mashine zenye nguvu ya ajabu, na akapewa bila mzungu wa kumfundisha kuziendesha. Miaka kumi baadaye, Januari 1977, Kirby alirudi kwa mhusika huyo na kumwandikia na kumchorea jarida lake mwenyewe.

Toleo lililotangulia hilo, namba 51, lina ukurasa wa kwanza ambao ningemwonyesha yeyote anayedhani Kirby alijua kupiga kelele tu. Ben Grimm, yule jitu wa mawe, amesimama barabarani kwenye mvua. Hakuna adui, hakuna ngumi. Mabega yameshuka, kichwa kimeinama kidogo, na maji yanamtiririka. Ni mwili uleule wa mraba, mikono ileile mizito, lakini safari hii nguvu haina pa kwenda. Imebaki ndani, na unaiona inavyomlemea. Mchoraji asiyejua mwili wa mtu asingeweza kukupa huzuni hiyo kwa mgongo na shingo ya kiumbe aliyetengenezwa kwa mawe.

Inafaa kusema neno kuhusu watia wino, kwa sababu wasomaji wengi wanamhukumu Kirby kwa mikono ya watu wengine. Penseli zake zilipita kwa mtu wa pili, aliyezichora upya kwa wino, kabla ya kuchapwa. Joe Sinnott, aliyekuwa naye kwenye Fantastic Four kwa miaka mingi, aliling'arisha kila umbo na kulipa uso safi wa chuma. Vince Colletta, kwenye Thor, alitumia mistari myembamba yenye mikwaruzo, na ili kuwahi tarehe alifuta watu na majengo yaliyokuwa nyuma. Ukilinganisha penseli na kilichochapwa, inauma. Kisha akaja Mike Royer, mwaka 1971, aliyeamua kufuata penseli mstari kwa mstari. Aliwahi kuurembesha kidogo uso wa Big Barda, shujaa wa kike wa Kirby, na Kirby akamwambia asiguse nyuso tena. Mimi namchagua Royer. Sinnott ni mrembo zaidi, nakubali, lakini kwa Royer unausikia mkono wenyewe.

Kufikia wakati huo Kirby alikuwa ameondoka Marvel. Januari 1966 gazeti la New York Herald Tribune lilikuwa limechapa makala iliyompamba Lee na kumwonyesha Kirby kama kibarua wa kawaida tu aliyekaa pembeni. Iliwauma sana, yeye na Roz. Miaka ikapita, wahusika aliowabuni wakawa bidhaa na filamu za televisheni, na mkataba mzuri haukuja. Mwaka 1970, akiwa ameshahamia California, akajiunga na washindani wao, DC.

Huko aliandika, akachora na kuhariri mwenyewe kundi la majarida lililokuja kujulikana kama Fourth World: New Gods, The Forever People, Mister Miracle, na kabla ya hayo Jimmy Olsen, jarida la rafiki wa Superman. Hii ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote kwa maoni yangu, na najua wengi wataniwekea Galactus mbele. Ni vita vya sayari mbili, New Genesis na Apokolips. Darkseid, mtawala wa Apokolips, anatafuta fomula itakayomwezesha kuondoa utashi wa kila kiumbe hai. Ngumi haimhusu sana. Anasimama, mikono nyuma, amefanana na jiwe, na kutisha kwake kunatokana na kwamba anasubiri.

New Gods namba 7, iitwayo "The Pact", inaeleza jinsi vita vya kwanza vilivyosimamishwa: watawala wawili wanabadilishana watoto wao wa kiume. Mtoto wa Darkseid, Orion, anapelekwa kulelewa na watu wa amani. Mtoto wa Highfather, mtawala wa New Genesis, anatupwa kwenye nyumba ya mateso ya Apokolips. Mmoja anakua na hasira ya ukoo wake akijitahidi kila siku kuifunga, mwingine anakua gerezani akiwa na moyo usiotaka kufungwa, hadi anatoroka na kuwa bingwa wa kutoroka. Aliyeandika hivyo alikuwa baba, tena askari wa miguu aliyeona vijana wakitolewa kafara. Big Barda, mwanamke shujaa mrefu mwenye kauli isiyopingwa nyumbani, alichota tabia nyingi za Roz. Mazungumzo ya Kirby ni mazito, yamejaa alama za mshangao, na watu huyacheka. Yasome kwa sauti. Yana mdundo wa mtu anayehubiri akiwa hana muda.

DC walilifuta New Gods kwenye toleo la 11, mwaka 1972. Kabla ya hapo walikuwa wakiwapa wachoraji wengine kazi ya kuzichora upya nyuso zote za Superman kwenye kurasa za Kirby, ili zifanane na za kampuni. Wamemwajiri mtu kwa ajili ya mkono wake, kisha wanaufunika.

Ya baadaye nayapitia haraka. Alitengeneza Kamandi, The Demon na OMAC, akarudi Marvel mwaka 1975 na kubuni The Eternals, kisha akaingia kwenye studio za filamu za katuni za televisheni, ambako kwa mara ya kwanza walimlipa vizuri na kumpa bima ya afya. Michoro aliyofanya kwa ajili ya filamu ambayo haikutengenezwa, Lord of Light, ilitumiwa na CIA, shirika la ujasusi la Marekani, mwaka 1980 kama kisingizio cha kuwatoa Tehran Wamarekani sita, wakijifanya watengeneza filamu.

Kisa cha kurasa zake halisi hakistahili haraka. Marvel ilipoanza kuwarudishia wachoraji michoro yao, wengi walisaini hati fupi ya ukurasa mmoja. Kirby, mwaka 1984, aliletewa hati ya kurasa nne, yenye masharti ambayo wengine hawakuwekewa, na akaahidiwa kurasa 88. Alikuwa amewachorea zaidi ya 10,000. Shukrani ya punda ni mateke. Wachoraji na waandishi wa rika zote walisaini malalamiko ya hadharani, na mwaka 1987 alipokea karibu kurasa 2,000. Nyingine zilishapotea, zimeibwa au zimeuzwa. Alifariki tarehe 6 Februari 1994, Thousand Oaks, California, akiwa na miaka 76. Watoto wake waliendelea na madai ya haki miliki, wakashindwa mahakama mbili, na Septemba 2014, kesi ikiwa mlangoni mwa Mahakama ya Juu, pande zote zikapatana nje ya mahakama. Tangu hapo jina lake linatajwa waziwazi pamoja na la Lee kwenye majarida waliyoyaanzisha.

Ukitaka kumsoma kwa mara ya kwanza, usianzie mwanzo. Anza na Fantastic Four namba 48 hadi 52, ambamo yumo Galactus, Ben kwenye mvua na msitu wa Wakanda kwa mfululizo. Halafu nenda New Gods. Wachapishaji IDW walitoa mwaka 2014 kitabu cha kurasa za New Gods zilizopigwa picha kutoka kwenye michoro yenyewe kwa ukubwa wake, na humo unaona jinsi Royer alivyofuata kila mkato. Tafuta pia "Street Code", hadithi fupi aliyoichora mwaka 1983 kuhusu utoto wake, iliyochapishwa kwa penseli tupu bila wino wa mtu yeyote: picha yake ya kurasa mbili ya mtaa uliojaa watu, mikokoteni na nguo za kuanikwa ina vurugu ileile ya vita vya miungu. Na kuna jarida The Jack Kirby Collector, lililoanza mwaka 1994, ambalo huchapa nakala za penseli alizozihifadhi. Weka ukurasa wa penseli kando ya ule uliochapwa, uangalie kwanza watu wa nyuma, waliokimbia na walioanguka, kisha ndipo uje kwenye ngumi.